Sinema ya Karai Jekundu

Kaka yangu hajawahi kuiita filamu. Anaiita "ule wazimu wenu", na akikuta inaonyeshwa sebuleni kwa mama hugeuza uso kama mtu anayepita karibu na choo cha soko. Mimi na yeye hatupatani kwa mambo mengi, na nadhani chuki yake ndiyo iliyonifanya niipende filamu ile kuliko inavyostahili. Nasema mapema ili mtu asidhani nimekaa kuandika sifa. Iko miaka ambayo niliichukia kumshinda.

Tuliipata kwa makosa. Wakati huo diski za sinema zilikuwa zinauzwa mjini Kakamega kwenye vibanda vya karibu na steji, zimetandazwa juu ya gunia kama dagaa wa omena. Nilikuwa nimemaliza kidato cha nne na kazi sina, nakaa nyumbani upande wa Bukura nikigombana na kuku. Mama akanituma mjini nimletee sinema ya Kinaijeria, yenye mchungaji na mwanamke anayelia. Jalada nililochagua lilikuwa na vyote viwili. Jumapili baada ya kanisa akina mama majirani wakajaa sebuleni, wakaketi, wakajifunga leso vizuri, tayari kwa machozi. Nilipoingiza diski, akatokea mwanamke wa Kihispania mwenye gauni la kijani kibichi, anapandisha cherehani ngazi peke yake huku akimtukana mtu ambaye haonekani.

"Huyu ndiye mke wa mchungaji?" mama aliuliza.

"Sijui, Mama."

"Mbona anapiga kelele kama amekanyaga siafu?"

Tukamngoja mchungaji. Hakuja. Akaja padri, na padri mwenyewe akaishia kuvaa joho la waridi.

Hadithi yake ni hii. Wanawake wanne wanaishi pamoja juu ghorofani, katika nyumba yenye kuta za manjano kama ndizi iliyoiva. Mmoja amemwacha mumewe. Wenzake wanaamua gauni lake la harusi lisipotee bure, walitie rangi nyekundu alivae akienda kucheza dansi. Wanajaza maji kwenye karai kubwa la kuogea, wanamwaga rangi, na kuanzia hapo hakuna kitu kinachopona: taulo, mapazia, paka, mikono yao hadi kwenye viwiko. Padri wa mtaa alikuwa ameleta joho lake jeupe lishonwe upindo, nalo likaingia karaini pamoja na mengine. Mwishoni wanawake wamepanda juu ya paa, wanakula tikiti maji, na yule mume yuko chini barabarani anaita. Anaita sana. Mke anainuka, anasema maneno fulani, anamtupia ufunguo. Basi.

Maneno ya Kiingereza yalikuwa yanapita chini ya picha, mbio mbio, na mle ndani ni mimi peke yangu niliyeweza kuyasoma. Nikawekwa kwenye kigoda karibu na televisheni, nikawa mdomo wa sinema. Nilisoma Kiingereza, nikatoa Kiswahili, na penye utamu nikaingiza Kiluhya chetu. Lakini diski ile ilikuwa na ugonjwa wake. Wanawake wakishapanda paa, maandishi yanakatika, na hayarudi tena. Hivyo yale anayosema mke akitupa ufunguo, hakuna mtu Bukura nzima aliyeyajua. Niliyatunga mimi. Nilisema, "Chukua ufunguo wa nyumba yako. Mimi sirudi." Akina mama walipiga makofi, na mmoja akasimama akacheza.

Nimeulizwa na watu waliosoma kunishinda, kwa nini wanawake wa mashambani waipende sinema ya Wahispania. Huwa wanauliza kwa tabasamu fulani ambalo sitaki kulieleza. Siku hizi siwajibu, lakini nitaandika hapa. Rangi zile tulizijua. Ni rangi za leso, za beseni za plastiki siku ya soko, za sare ya kwaya. Ile mikono myekundu mpaka kwenye viwiko tuliijua pia, maana ndivyo mikono ya mama zetu inavyokuwa Desemba wakikandika nyumba kwa udongo kungoja wageni wa Krismasi. Kubwa kuliko yote, wanawake wale walikuwa wanafanya kazi huku wote wanne wakiongea kwa pamoja, na katika sinema nzima hakutokea mtu wa kuwaambia washushe sauti. Mama alisema siku ile ya kwanza, "Angalia, hata hawaulizani nani amebaki na boma." Kwetu mwanamke akikaa mahali akacheka, hilo ndilo swali la kwanza analoulizwa.

Krismasi iliyofuata mama alichanganya rangi nyekundu ya dukani na udongo, akakandika ukuta mzima wa jikoni. Kaka alisusa kula humo mpaka Pasaka.

Halafu niliolewa Mautuma. Kule ni nchi ya mahindi. Mtu akisema ana shamba, huoni mwisho wake. Mume wangu hakuwa mlevi wala hakunipiga, na kwa sababu hiyo hakuna aliyewahi kunielewa. Alikuwa na ghala zuri la mabati, na ufunguo wa ghala aliuning'iniza kwenye mkanda wa suruali. Mahindi niliyoyapanda, nikayapalilia, nikayavunja na kuyapukuchua, nilikuwa nayaomba kwa debe. Akiwa safarini tulikula viazi. Siku moja wageni wa kwetu walikuja hayupo, nikaenda kukopa unga kwa jirani, na ghala limejaa nyuma yangu. Niliondoka wiki hiyo, bila kelele.

Sikurudi kwa mama. Nilipita. Nilikaa Kitale nikiuza mitumba, nikakaa Malaba nikipikia madereva wa malori, nikafika mpaka Mombasa kusafisha vyumba vya wageni. Mimi ni mtu wa miguu myepesi, na sioni haya kusema. Lakini kila mji nilioingia nilitafuta filamu ile. Sikuwa na la kuuliza. Jina lake hatukuwahi kulijua, kwa kuwa jalada lilikuwa la mchungaji. Nilisimama mbele ya wauza sinema nikieleza padri wa joho la waridi, nao wakiniangalia kama mtu anayetafuta mbuzi wake ndani ya benki. Jioni, chumbani, nilijisimulia mwenyewe. Nilikumbuka sauti ya mama akicheka, ile ya kuanza chini kama injini ya posho mill ya kusagia mahindi na kupanda. Kuna jambo gani la kurudia nyumbani, kama si hilo?

Basi nikarudi. Nilifika Jumapili, na hata kabla sijafika mlangoni nilisikia ile cherehani ikipanda ngazi.

Walikuwa wote pale. Nywele zilikuwa zimeota mvi, meno mengine hayapo, na siku hizi filamu ilikuwa kwenye flashi ndogo kama punje ya haragwe. Lakini juu ya kigoda changu alikuwa ameketi mke wa kaka. Aliolewa wakati mimi niko Malaba. Ana sauti nzuri, ni mwimbishaji wa kwaya, na sikumpenda kabla hajageuka kunitazama.

Alisimulia vizuri, sikatai. Nilikaa kwenye mkeka na begi langu mapajani, nikangoja mwisho. Wanawake wakapanda paa. Maandishi yakakatika. Mke akainuka na ufunguo mkononi, na mke wa kaka akasema kwa sauti ya upole, kama anaomba sala, "Panda juu, mume wangu. Mlango uko wazi. Nimekusamehe."

"Amina!" wakajibu wale wale waliopiga makofi miaka ile.

"Hasemi hivyo," nikasema.

Akageuka. "Karibu nyumbani, mulamwa, wifi yangu. Anasema nini?"

"Anamwambia achukue ufunguo wake aende."

"Kwani wewe unajua Kihispania?"

"Wewe unakijua?"

"Mimi najua ndoa," akasema.

Walicheka. Hata mama alicheka, nikamwona. Kicheko kile nilichokifuata kutoka pwani ndicho kilichonipokea, na kilikuwa juu yangu. Usiku huo niliichukia filamu ile, na karai lake, na tikiti lao.

Nilikaa kwa mama. Kila Jumapili ilikuwa vita. Mke wa kaka akisimulia, mimi nasahihisha, nikisahihisha, anakohoa. Aliwahi kumwambia jirani nikisikia, "Mtu aliyeshindwa na nyumba yake sasa anataka kutengeneza ya Wazungu." Nami nikamwambia jirani huyo huyo kwamba mtu wa kwaya asisimulie mambo ya padri, atakosa hewa. Tulikuwa tunapishana kisimani kama ng'ombe wawili wenye pembe.

Kaka hakujali nani anasimulia nini. Alikuja jioni moja akasimama mlangoni, mikono mgongoni.

"Dada, utakaa hapa mpaka lini?"

"Mpaka nichoke."

"Mimi nina mabinti. Nani atakuja kuposa katika boma ambalo shangazi yao amerudi na begi? Watasema ndiyo damu yetu." Kisha akasema lile alilokuwa amekuja kusema. "Nimempigia mumeo. Anakuja Jumapili na binamu yake. Utatoka uje kwangu, mtaongea mbele ya watu, utafunga begi uende. Ukikataa mbele ya watu, pia ufunge begi. Kwangu hutakaa."

Boma ni lake sasa kwa kuwa baba alikufa. Mama ana nyumba yake ndani ya boma, na jiko lake jekundu, lakini lango ni la kaka. Nilijua hakuna jibu la kutoa mbele ya wageni ambalo lingeniacha pale. Sikumwogopa mume wangu. Niliogopa kusikia, nikiwa na miaka hii, kwamba boma ambalo nimeliota katika kila kitanda cha kukodi si langu. Nilimwambia mama. Alikuwa anachambua mboga. Alisema tu, "Jumapili ni siku ya sinema."

Wakaja. Nilisikia pikipiki ikizimwa nje ya lango. Kwetu mkwe na mama mkwe hawasogeleani. Hawapeani mkono, hawali pamoja, na mkwe haingii nyumba ambayo mama mkwe amekaa, hata mvua ikinyesha mawe. Kwa hiyo mume wangu alisalimia akiwa mbali, ameinamisha macho, mama akamjibu akiangalia ukuta, na kaka akampeleka nyumbani kwake ng'ambo ya uwanja. Nikainuka kuchukua begi mlangoni.

"Keti," mama akasema. Akapiga mkeka kwa kiganja, pale pembeni ya goti lake. "Karibu kabisa. Hapa."

Ndipo nikaelewa. Mahali pale, karibu na goti la mama, ndipo pekee katika wilaya nzima ambapo mume wangu hangeweza kunifuata.

Akina mama wakaingia, wakajaa. Mke wa kaka alikuwa na mgeni wa kulisha, hivyo mimi ndiye niliyesimulia, nikiwa pale pale chini. Cherehani ikapanda ngazi. Kabla rangi haijamwagwa, kaka akatokea mlangoni.

"Dada, unaitwa."

"Anasimulia," mama akasema.

"Mama, wageni wamefika."

"Na hawa ni nini, nzi?" Akaonyesha sebule nzima. "Filamu ikiisha atakuja. Wewe ni mtu wa kukatiza watu wakila?"

Mtoto wa Kiluhya hamvuti dada yake kwa mkono mbele ya akina mama wa kanisa. Kaka akarudi. Filamu ikaenda, padri akavaa waridi, tikiti likaliwa, ufunguo ukatupwa. Nilisema maneno yangu chini chini, na hakuna aliyeyasikia. Mwisho ulikuwa umefika na begi lilikuwa mlangoni.

"Rudisha mwanzo," mama akasema.

"Mama?"

"Sikuona vizuri pale kwa paka. Rudisha."

Ikaanza tena. Cherehani ikapanda ngazi kana kwamba haijawahi kupanda. Hapo wengine walianza kuelewa, na kicheko chao kikabadilika, kikawa cha watu waliokaa pamoja mlangoni kuzuia kitu. Mke wa kaka akaingia na sinia tupu, uso umekunjamana.

"Ingokho amekula, kuku mzima, na firigisi tumempa. Anauliza hiyo kitu inaishanga saa ngapi."

"Mwambie padri bado hajavaa," mama akajibu.

Akaenda. Akarudi baada ya muda. "Anasema ana safari ya Mautuma."

"Barabara ni nzuri siku hizi. Mwambie asihofu."

Mara ya tatu hata mimi nilikuwa nimechoka na rangi ile. Wanawake wanne wanaongea, mimi naongea, kiza kinaanza kunusa madirishani, na kaka anatembea uwanjani huku na huku kama jogoo aliyefungiwa nje. Mama peke yake hakuchoka. Alicheka pale pale alipocheka siku zote, hata kabla sijafungua mdomo, nikagundua kitu kilichonichoma zaidi kuliko maneno ya mke wa kaka. Hakuwa ananisikiliza. Labda hakuwahi kutusikiliza hata mmoja wetu. Alikuwa anaangalia mikono ile myekundu.

Wanawake walikuwa ndiyo kwanza wanapanda paa, stima ikapotea.

Kioo kikawa cheusi. Kaka alikuwa mlangoni kabla hatujavuta pumzi. Nyuma yake, mbali kidogo, chini ya mparachichi, niliona mume wangu amesimama umbali wa heshima, kofia mkononi. Ufunguo ulikuwa bado kwenye mkanda. Niliuona, nakuapia.

"Mungu ni mwema," kaka akasema, "na watu wa stima pia. Imeisha. Dada, simama."

Nikasimama nusu. Mke wa kaka alikuwa ameegemea ukuta na sinia lake, na alinitazama, na sitasema alikuwa na huruma. Alikuwa anangoja.

"Wako juu ya paa," mama akasema.

Hakuwa na haraka. Alizungumza na kile kioo cheusi, kwa lugha yetu, kwa sauti ya kutosha kufika kwenye mparachichi. "Wamepanda juu, wamepasua tikiti. Hili la leo ni tamu, maji yanawachuruzika mpaka kwenye vifundo. Mikono bado ni myekundu, haitatoka wiki hii. Na yule bwana yuko chini, anaita. Anaita, anaita. Ana sauti nzuri, si mtu mbaya. Mama wa watu akainuka. Hakushuka. Mmewahi kumwona akishuka? Mnabishana kila Jumapili juu ya mdomo wake, na miguu yake hamuiangalii. Yuko juu. Akachukua ufunguo akamtupia."

Kaka hakuweza kujizuia; miaka yote ile amegeuza uso, hakuwahi kufika mwisho.

"Ufunguo wa nini?" akauliza.

"Wa ghala lake la mahindi," mama akasema. "Akajisongee."

Aliyecheka kwanza ni mke wa kaka. Ilimtoka kabla hajaikamata, akafunika mdomo kwa sinia, na sinia likaanguka. Kisha sebule nzima ikalipuka, watu wakapigana mabega, mmoja akaanguka juu ya begi langu. Nilitazama nje. Mume wangu aliinamisha kichwa, akavaa kofia. Binamu yake alikuwa amegeukia lango, mabega yanamtetemeka. Tulisikia pikipiki ikikataa kuwaka, ikikataa, halafu ikawaka.

Kaka hajanisemesha vizuri tangu siku hiyo, ila hajarudi tena kusimama mlangoni na habari ya begi. Mtu aliyechekwa na kanisa zima hatafuti mkutano wa pili upesi. Mabinti zake hushinda kwa mama, na mkubwa juzi aliniuliza mimi shangazi yake, "Senge, Mombasa wanapakanga nyumba rangi gani?"

Mke wa kaka hanipendi na mimi simpendi. Hajanisamehe kwamba nilimwona akicheka. Jumapili amerudi kwenye kigoda, sauti ile ile ya sala, na ikifika penye ufunguo anasema yake kwa nguvu na mimi nasema yangu kwa nguvu zaidi, mpaka mama anatuambia tunyamaze, tunamharibia.

Begi langu liko chini ya kitanda cha mama. Miguu imeanza kuniwasha tena, nasikia Kisumu kuna kazi. Nitaondoka siku nikitaka, na haitakuwa Jumapili.